Majina Chini ya Chokaa

Nimeombwa niandike nusu ukurasa. Nusu! Injinia Raymond wa halmashauri ameniletea karatasi yenye mistari, juu imeandikwa "Historia Fupi ya Jengo la Maktaba ya Zamani", na chini wameacha nafasi ya kujaza mwaka wa kujengwa, aliyejenga na matumizi yake. Itawekwa kwenye kioo na kutundikwa ukutani, maktaba mpya ya Manundu. Nimemwambia sawa, nitaijaza. Lakini kwanza nasema yote hapa kwa kirefu changu, na asiyependa kirefu asisome.

Mimi ni Grasiana. Nilifanya kazi kwenye ile maktaba ya Korogwe miaka thelathini na minane, nikaanza nikiwa mfagizi, nikastaafu nikiwa mtunza vitabu. Watu wazima wengi wa mji huu niliwagombeza wakiwa wanafunzi. Wengine mpaka leo wakikutana nami sokoni wanashusha sauti, na mimi nawaacha washushe.

Lile jengo lilikuwa la mawe, kuta nene, madirisha membamba yenye nondo, hatua chache kutoka relini. Wageni walikuwa wananiuliza kwa nini maktaba ina nondo kama mahabusu, kwani vitabu vinatoroka? Nilikuwa nawajibu kwamba ni kwa ajili ya wezi. Huo ulikuwa uongo. Zile nondo ziliwekwa kwa ajili ya watu.

Wazee walisema Wajerumani walilijenga liwe bohari la katani. Waingereza walipokuja wakaligeuza kituo cha kupokelea vibarua wa mashamba ya mkonge. Walishushwa pale kutoka Tabora, Kigoma, Songea, Njombe, wengine Burundi, wamechoka, vumbi mpaka kwenye kope. Wakahesabiwa, wakadungwa sindano, kila mmoja akapewa namba na kipande cha kuhesabia siku zake za kazi, halafu wakagawanywa, huyu shamba hili, yule shamba lile. Kwa sababu ya zile namba wakaitwa manamba, na sisi watoto na wajukuu wao tukaitwa watoto wa manamba. Siku hizi vijana wanalitamka hilo neno bila kujua uzito wake. Enzi zetu lilikuwa tusi. Ulikuwa ukigombana na mwenzako kisimani, hilo ndilo la mwisho analokutupia, na huna la kumrudishia.

Baba yangu, Matayo, alifika pale akiwa na miaka kumi na mitano, akidanganya kwamba ana kumi na minane, amefuatana na baba yake, babu yangu Kapela. Babu alishuka na homa. Akalala chumba cha nyuma cha jengo hilohilo, na siku ya nne akafa, kabla hajapewa namba. Sasa elewa jambo hili, maana ndilo shina la yote. Aliyekufa akiwa na namba aliandikwa kitabuni. Aliyekufa kabla ya namba hakuandikwa popote. Alibebwa na kuzikwa, basi, kama hakuwahi kuja. Baba alikuwa amesoma kidogo misheni. Akaokota kaa jikoni, akaandika kwenye ukuta wa kile chumba kwa herufi kubwa: KAPELA MNYAMWEZI. Wenzake waliomwona wakamwomba awaandikie na watu wao. Akaandika. Alipopelekwa shambani alikuwa akirudi kila mwisho wa mwezi, akaulizia nani amekufa bila namba, akaandika. Yalifika majina thelathini na manne.

Uhuru ukaja, kituo kikafungwa, jengo likawa maktaba. Kile chumba cha nyuma kikawa chumba cha magazeti, na ule ukuta ukaachwa vilevile na makaa yake. Nilipofika umri wa kwenda shule baba alinipeleka pale, akanisimamisha mbele ya ukuta na kunionyesha herufi kwa fimbo. Mimi sikujifunza kusoma kwa a, e, i, o, u. Nilijifunza kwa wafu. Ka-pe-la. Nta-ki-je. Lu-ha-nga. Kila nikikosea alinirudisha mwanzo, akisema hawa watu wamekosewa vya kutosha.

Basi mwaka 1987 Mwenge wa Uhuru ulipangwa kupita mjini, na ulipangwa usimame maktaba. Kila Mwenge unapokuja unajua mambo yetu: mawe ya barabarani yanapakwa chokaa, miti inapakwa chokaa, hata mtu ukisimama sana unaweza kupakwa. Mkuu wetu wa kazi alipita chumba hadi chumba na wageni kutoka mkoani. Wakafika chumba cha magazeti. Mmoja akatazama ule ukuta, akacheka, akauliza haya makorokoro ya manamba ni ya nani. Wote wakacheka. Mkuu akanigeukia mimi, kwa kuwa ndimi niliyekuwa wa siku nyingi, akaniuliza kama nayajua.

"Sijui," nilisema. "Yapakwe tu."

Nimeyasema maneno hayo mara moja tu maishani, na sijapata kuyaacha. Nilikuwa na miaka thelathini, nimevaa sketi mpya, nina funguo za maktaba kiunoni. Niliona aibu. Sina kisingizio kingine, na nisingependa mtu anitafutie.

Fundi rangi aliyeitwa alikuwa Isihaka, Mzigua wa Misima, huko Handeni. Huyu bwana alikuwa mtani wangu. Mzigua na Mnyamwezi ni watani tangu enzi za misafara ya kwenda pwani, na utani wenyewe si wa kuchekeana barabarani tu. Mtani ndiye mzikaji wako. Mnapofiwa, yeye ndiye anayechimba, ndiye anayeruhusiwa kufanya vituko wenzake wakilia. Anaweza kujilaza ndani ya kaburi na kukataa kutoka mpaka wafiwa wamkomboe, na hakuna wa kumkasirikia, maana ni haki yake. Isihaka alikuwa akiniita Mpagazi, kwa ajili ya mababu zangu waliobeba mizigo. Mimi nilimwita Mvivu wa Misima. Siku ile sikumtania. Nilimpa funguo, nikamwambia ukuta wa nyuma apake wote, kisha nikaomba ruhusa nikaenda zangu nyumbani, nisione.

Mwenge ukaja ukapita. Jumamosi iliyofuata baba akaja kusoma gazeti, kama alivyofanya kila Jumamosi. Alikuwa na kiti chake, kinatazamana na ukuta. Akaingia, akasimama. Akavua kofia. Akaniuliza nani ameagiza, nikamjibu wakubwa. Akavaa kofia yake akatoka, na hakukanyaga tena maktaba mpaka alipofariki mwaka 1994. Nyumbani tulikula pamoja, tukazungumza habari za mvua, za mahindi, za ndoa za watu. La ukuta hakulitaja hata siku moja. Afadhali angenitukana. Miaka saba nilikaa na mzee mpole, na ule upole wake ulinila.

Tangu hapo, kila nilipokutana na Isihaka, msibani au mnadani, alikuwa na neno moja. Ananitazama, anacheka na pengo lake, anauliza, "Mpagazi, lini unakuja kuchukua mizigo yako?" Namjibu ajibebee mwenyewe, mvivu mkubwa. Utani tu, nilidhani.

Sasa ndiyo tufike mwaka huu. Jengo lilikuwa limepata ufa kutoka msingi hadi kwenye paa, wataalamu wakasema ni hatari, maktaba mpya ikajengwa Manundu, vitabu vikahamishwa. Ikatangazwa kwamba Jumatatu katapila litakuja kubomoa. Sikulia. Nyumba ni nyumba, hufika mwisho wake. Lakini usiku nilichukua daftari nijaribu kuandika yale majina kwa kichwa. Nikaandika Kapela. Nikaandika Ntakije, Luhanga, Nchimbi. Nikafika kumi na moja nikakwama. Nikajaribu asubuhi, nikajaribu tena kanisani, misa ya Alhamisi, wakati padri anahubiri, Mungu anisamehe. Kumi na moja. Hapo ndipo nilipoogopa kweli. Watu ishirini na watatu walikuwa wamebaki sehemu moja tu duniani, chini ya chokaa niliyoagiza mimi, na zilikuwa zimebaki siku nne.

Nilikwenda kwa Raymond. Ni kijana mwenye adabu, kwao Urambo, Mnyamwezi mwenzangu, na huniita shangazi. Nilimwambia kuna maandishi ya zamani ukutani, ningependa yafunuliwe kwanza. Akaniuliza maandishi gani, ya nani. Nikamwambia ya watu wa zamani. Unaona? Hata hapo nilishindwa kulitoa. Akanieleza kwa upole kwamba katapila limekodiwa, tarehe imepangwa, na kwa watu wa zamani tu hawezi kusimamisha kazi ya serikali.

Nikaenda mwenyewe na kisu cha jikoni. Funguo za pale nilikuwa nazo bado, na hilo msimwambie mtu. Nikaanza kukwangua pembeni, chini, kujaribu. Rangi ilikuwa imepakwa juu ya rangi kila mwaka wa Mwenge, chokaa juu ya chokaa, na juu yake rangi ya mafuta. Kikabanduka kipande kama sahani, nikaona jiwe tupu, jeupe, halina hata alama. Nikatupa kisu. Niliona kama ningeendelea ningewaua mara ya pili, kwa mkono wangu safari hii.

Aliyejua ule ukuta ulipakwaje alikuwa mmoja. Jumapili baada ya misa nikapanda gari la Handeni, kisha bodaboda hadi Misima. Nilimkuta Isihaka anapukuchua mahindi uani, mgongo umepinda, pengo limekuwa mapengo. Safari hii sikungoja aniulize. Nilimwambia nimekuja kuchukua mizigo yangu. Akaweka gunzi chini. Nikamsihi tuondoke naye palepale, tufike jioni, tufanye kimya kimya, tuyaandike majina, tumalize bila makelele. Akanisikiliza mpaka mwisho, kisha akatikisa kichwa.

"Kwa siri siji," alisema. "Ulizika kwa siri, kufukua iwe mchana."

Nilimtukana. Nilimwambia mzee mzima hana haya, kesho asubuhi jengo linaanguka na yeye analeta utani. Akaokota gunzi lake akaendelea kupukuchua, akasema nisilie, kesho atakuja msibani, kwani ni lini Mzigua alikosa msiba wa Mnyamwezi. Nikarudi Korogwe nikiwa na hasira.

Jumatatu saa mbili watu walikuwa wamejaa. Walimu, wanafunzi, wauza matunda wa stesheni, watumishi wa maktaba mpya na fulana zao, Raymond na kofia ya plastiki kichwani. Katapila linanguruma. Mimi nimesimama kando, daftari langu la majina kumi na moja kwapani. Ndipo nikamwona Isihaka akishuka kwenye bodaboda, kavaa kanzu safi, kabeba ndoo. Akapita katikati ya watu kana kwamba hawapo. Akaweka ndoo chini, akajilaza chali mlangoni pa maktaba, akakunja mikono kifuani.

Watu wakadhani mzee kazidiwa. Raymond akamkimbilia, akamwamkia, akamwomba ainuke asije akaumia. Isihaka akamwuliza kabila lake. Raymond akasema Mnyamwezi. Mzee akacheka mpaka mwili ukatikisika, akamwambia basi vizuri, humu kuna msiba wa Wanyamwezi, yeye ni Mzigua, ameshaingia kaburini na hatoki mpaka akombolewe. Wazee waliokuwepo wakaguna, wakaelewa. Na Raymond naye akaelewa, nilimwona alivyovua ile kofia. Amesoma mpaka chuo kikuu, ndiyo, lakini kalelewa Urambo. Mtani aliyelala kaburini harukwi. Akampungia mkono dereva wa katapila azime injini.

Akaanza kumkomboa kama inavyopasa. Akaahidi kuku wawili. Isihaka akasema hali kuku, meno hana. Akaahidi mbuzi. Isihaka akasema mbuzi amtafutie bibi yake. Watu wanacheka. Mimi sikucheka. Nilikuwa nimekwisha kujua anamngoja nani.

"Kaburi lina mfiwa," alisema, akiwa amelala vilevile, na sasa sauti yake haikuwa na utani. "Ajitaje. Aseme waliomo humu ni nani wake. Nikisikia hivyo natoka."

Raymond akageuka huku na huku, hajui mfiwa ni nani. Nilitazama wale watu. Nusu yao niliwahi kuwaambia wanyamaze. Nisikudanganye, nilifikiria hata kuondoka. Mkataa kwao ni mtumwa, wamesema wahenga, na mimi nilikuwa nimetumika utumwa huo miaka thelathini na saba, kwa sketi mpya na funguo za kiunoni. Nikatoka kando, nikasimama mbele ya mlango.

"Mfiwa ni mimi," nilisema. "Babu yangu Kapela alifia chumba cha nyuma, hakuwahi kupewa namba. Baba yangu aliandika jina lake ukutani, na majina ya wenzake thelathini na watatu. Mimi ni mjukuu wa manamba. Na ni mimi niliyesema siwajui, nikaagiza wapakwe chokaa."

Hakuna aliyecheka. Mama mmoja muuza ndizi, ambaye nimemfahamu miaka yote bila kumjua, akasema taratibu kwamba na babu yake alikuwa Mha, alishushwa papa hapa. Mwalimu mmoja naye akasema wake alikuwa Mbena. Nikaona kumbe tulikuwa wengi, kila mmoja kajifunika peke yake.

Isihaka akanyoosha mkono nimwinue. Akachukua ndoo yake, ndani mna chupa ya maji na tambara na kisu cha fundi, akaingia chumba cha nyuma, mimi na Raymond na watu nyuma yake. Hakukwangua. Alipapasa ukuta kwa kiganja, akigonga kwa kidole na kusikiliza, mpaka akapata ukingo juu kabisa. Akachana mstari kwa kisu, akaulowesha, akangoja, akavuta. Rangi yote, miaka yote ya Mwenge, ikaanza kuambuka kwa pamoja kama ganda la mhogo uliochemka. Chini yake kulikuwa na karatasi za kaki. Karatasi za mifuko ya saruji, zimebandikwa kwa uji wa unga, moja baada ya nyingine, kufunika sehemu yote yenye majina.

Akanieleza huku anavuta. Kwanza, makaa hayafichwi na chokaa, ukipaka leo kesho weusi unajitokeza, na fundi anayejua kazi yake hutanguliza karatasi. Hilo la kwanza. La pili, alisoma yale majina, akaona makabila yaliyoandikwa kando yake, na miongoni mwao Wanyamwezi saba. Akasema mtani hampaki mtani wake chokaa usoni. Humfunika.

Makaa yalikuwa yameganda kwenye karatasi, ukuta umebaki na kivuli tu. Tulizitandaza sakafuni, herufi zikiwa kinyumenyume, na mimi nikapiga magoti nikasoma. Sikukwama. Macho yalikuwa yanajua njia. Kapela. Ntakije. Luhanga. Nchimbi. Nilipofika la kumi na mbili, Bigirimana Mrundi, nilisikia fimbo ya baba ikigonga ukuta. Nikasoma mpaka la thelathini na nne, na watu wote wamesimama, na Raymond anaandika.

Tulipokuwa tunakunja karatasi, Isihaka akakaa juu ya ndoo yake akaniambia lililobaki. Siku chache baada ya ile Jumamosi baba yangu alipanda basi akamfuata Misima. Alikwenda kumlaani. Isihaka akamweleza habari ya karatasi, na kwamba aliyempa funguo ni mimi, na mzee wangu akacheka mpaka akakaa chini, halafu akalia. Isihaka akataka aje kuniambia.

"Akakataa," alisema Isihaka. "Akasema, usimwambie. Ukimwambia atawatoa kwa kuniogopa mimi. Mwache, atawatoa siku atakayowataka."

Nikamwuliza mbona basi hakuingia tena maktaba. Akasema mzee alihofia kwamba akiingia atautazama ukuta, nami nitamwona anavyoutazama.

Nilitaka kumpiga yule mzee wa Misima kwa ndoo yake mwenyewe. Miaka saba baba yangu alikula nami ubwabwa mezani akijua, nami nikidhani upole wake ni hukumu. Kumbe alikuwa ananingoja. Akafa ananingoja. Nililia pale sakafuni mbele ya watu wote, kwa sauti, na Isihaka akaniacha nilie, kisha akasema Mpagazi mzigo umekuelemea, lete nikushike upande mmoja.

Jengo lilibomolewa Jumatano. Nilisimama nikaangalia hadi ukuta wa nyuma ulipolala. Vumbi lilipotulia tukaenda kunywa chai.

Sasa hiyo nusu ukurasa. Nimeijaza jana. Mwaka wa kujengwa sikuujaza, aliyejenga sikumjaza, Raymond atayatafuta hayo mwenyewe. Kwenye matumizi nimeandika majina yote thelathini na manne, herufi ndogondogo ili yaenee, na nikaongeza mistari miwili chini yake: yaliandikwa na Matayo mwana wa Kapela, yakafunikwa na Isihaka wa Misima. Raymond aliposoma akaniambia, shangazi, pamebaki nafasi ya sahihi ya mtoa habari, na cheo chake. Nikachukua kalamu. Kwenye jina nikaandika Grasiana. Kwenye cheo nikaandika mjukuu wa manamba.